Shajara ya mradi: Isao Takahata, miaka ya televisheni

2 Machi

Mradi umeanza rasmi leo. Tunatengeneza vipindi sita vya kusikiliza kwenye simu kuhusu kazi ya Isao Takahata, mwongozaji wa katuni wa Japani, na vyote vitakuwa kwa Kiswahili. Tunaowakusudia ni vijana wanaojifunza animesheni hapa Tanga na popote Kiswahili kinaposikika. Simu wanazo, kipaji wanacho, na wanajifunza usiku kwa video za watu wa mbali baada ya shughuli za mchana. Kinachowapungukia ni mtu wa kukaa nao na kuwaeleza taratibu jinsi waliowatangulia walivyofanya kazi.

Anayemjua Takahata humjua kwa Studio Ghibli, iliyoanzishwa mwaka 1985. Sisi tutaishia pale wengine wanapoanzia. Alipofika Ghibli alikuwa mtu wa miaka 49, aliyekwisha kuitumikia kazi hii zaidi ya robo karne, na sehemu kubwa ya muda huo aliutoa kwa televisheni. Filamu zake za baadaye nazipenda sana. Hata hivyo naamini kwamba mtazamo wake juu ya binadamu, na namna yake ya kuongoza watu, vilikomaa kwenye ratiba ya kila Jumapili, mbele ya watoto waliokaa sebuleni wakingoja. Hilo ndilo nataka wasikilizaji waondoke nalo.

Tuko watatu: mimi ninayeandika, dada anayesimulia, na kijana wa sauti.

6 Machi

Muswada wa kipindi cha kwanza umefika nusu. Takahata alizaliwa tarehe 29 Oktoba 1935 huko Ujiyamada, mji ambao leo unaitwa Ise, akakulia Okayama. Alfajiri ya 29 Juni 1945 ndege za Marekani ziliichoma Okayama kwa mabomu ya moto. Takahata, mtoto wa miaka tisa, alikimbia na dada yake mmoja mjini, wamepotezana na wengine wa familia.

Dada msimulizi alipendekeza tukio hilo lifungue kipindi, maana linamkamata msikilizaji mara moja. Tumelijadili kwa muda mrefu. Mwishowe limebaki sentensi mbili, katikati ya maelezo ya utoto wake. Tukilitanguliza, msikilizaji atamwona mhanga wa vita hadi mwisho wa kipindi cha sita, nasi tunataka amwone mtu akiwa kazini.

Alisoma fasihi ya Kifaransa Chuo Kikuu cha Tokyo, akahitimu mwaka 1959. Akiwa mwanafunzi aliiona filamu ya katuni ya Mfaransa Paul Grimault, iliyoandikwa pamoja na mshairi Jacques Prévert, akatambua kwamba picha za kuchora zinaweza kubeba fikra za mtu mzima. Mwaka huohuo wa kuhitimu akaingia studio ya Toei Doga kama msaidizi wa mwongozaji.

Hapa pana jambo ambalo nimelitengea dakika nyingi kuliko kila kitu kingine katika kipindi hiki: Takahata hakuwa mchoraji. Wenzake wengi walipanda kupitia meza ya kuchora, kutoka michoro ya katikati hadi michoro mikuu, hadi kuongoza. Yeye aliingia kwa mlango wa fasihi na akabaki mtu wa kalamu ya maandishi. Nilipowasomea vijana wa darasa la Jumamosi sehemu hii, mmoja aliuliza, "Sasa Mwalimu, asiyechora atawaongozaje wachoraji? Atawaambia nini?"

Nimeliandika swali hilo juu ya ukurasa wa kwanza wa muswada wa kila kipindi. Mradi mzima ni jibu lake.

13 Machi

Kipindi cha kwanza hakieleweki bila hesabu, na hesabu kwa sauti tupu ni kazi ngumu. Tumefanya hivi.

Filamu hupita fremu 24, yaani picha moja moja 24, kwa sekunde. Sehemu moja ya televisheni, ukiondoa nyimbo na matangazo, ni kama dakika 22. Hizo ni sekunde 1,320, yaani fremu 31,680. Hakuna studio inayoweza kuchora kiasi hicho kila wiki. Wajapani wa televisheni walizoea kushikilia mchoro mmoja kwa fremu tatu, kwa hiyo sekunde moja ya mwendo ikabaki na michoro minane. Hata hapo, kitu kikitembea bila kusimama kwa dakika zote 22, ni michoro 10,560. Bado ni mingi mno. Ndiyo maana Osamu Tezuka na studio yake ya Mushi Production, walipoanza kurusha Tetsuwan Atomu, mfululizo wa mtoto roboti, tarehe 1 Januari 1963, walibana zaidi: mhusika amesimama na mdomo peke yake unacheza, picha ileile inarudi wiki hadi wiki, kamera inateleza juu ya mchoro mmoja kana kwamba kuna mwendo.

Kijana wa sauti ametengeneza mlio mfupi, tik, akaupanga mara 24 ndani ya sekunde moja. Masikio hayahesabu tena, unasikika kama mngurumo wa mashine. Akaupunguza hadi 12, ukawa kama cherehani. Akaupunguza hadi minane, na kila mlio ukasimama peke yake. Msikilizaji asiyewahi kuiona meza ya katuni ataielewa tofauti hiyo kwa masikio yake. Nimefurahi kupita kiasi. Sehemu hii haitaguswa tena.

Toei nao waliingia televisheni mwishoni mwa mwaka huohuo wa 1963 na mfululizo wa mtoto aliyelelewa na mbwa mwitu, Okami Shonen Ken. Takahata aliongoza baadhi ya sehemu zake. Huko ndiko alikoanza kushika usukani.

20 Machi

Kipindi cha pili kinahusu miradi iliyoanguka, nami nimekiandika kwa upendo mkubwa.

Mwaka 1965 Takahata alipewa filamu yake ya kwanza ya sinema, habari za kijana Horus, huku Yasuo Otsuka akisimamia wachoraji. Chama cha wafanyakazi kilikuwa na nguvu pale studio. Takahata na kijana mmoja mchoraji aitwaye Hayao Miyazaki walikuwa miongoni mwa viongozi wake. Waliitengeneza filamu ile kwa mijadala, kila mwenye wazo akisikilizwa. Muda ukapita, bajeti ikapita, filamu ikatoka Julai 1968 na kuondolewa kwenye majumba ya sinema baada ya siku chache. Toei hawakumpa tena filamu nyingine ya kuongoza. Akarudishwa kwenye televisheni.

Mwaka 1971 aliondoka Toei pamoja na Miyazaki na mchoraji mwenzao Yoichi Kotabe. Walikuwa na ndoto ya kutengeneza mfululizo wa Pippi, yule msichana mwenye nguvu wa mwandishi wa Uswidi Astrid Lindgren. Miyazaki alisafiri hadi Uswidi pamoja na mkuu wa kampuni ya Tokyo Movie. Lindgren hakutoa ruhusa. Kazi yote ya maandalizi ikabaki kwenye makaratasi.

Lakini makaratasi hayo yaangalieni. Takahata alikuwa amekwisha andika kwa kina jinsi nyumba ya Pippi inavyopaswa kuishi, jinsi mtoto anavyopika, anavyolala, anavyopanda ngazi, na kwa nini mambo hayo madogo yanaweza kumfurahisha mtazamaji kuliko mapigano. Mwaka uliofuata fikra zilezile zilitokea katika filamu fupi ya panda na mtoto anayeishi peke yake nyumbani. Miaka miwili baadaye zikapanda milima ya Alps.

Kuna vijana hapa wenye mafaili ya miradi iliyokataliwa na vituo vya televisheni. Nataka wasikie sehemu hii kwa utulivu, kwa hiyo hatutaweka muziki chini yake.

28 Machi

Heidi. Vipindi viwili vizima, cha tatu na cha nne, ni vyake. Niliulizwa kama si vingi mno kwa mfululizo mmoja. Si vingi.

Studio iliitwa Zuiyo Eizo. Kitabu ni cha Johanna Spyri wa Uswisi, juzuu mbili za mwaka 1880 na 1881: mtoto yatima anapelekwa kwa babu yake mkali anayeishi peke yake mlimani. Mfululizo ulirushwa na Fuji TV kuanzia 6 Januari hadi 29 Desemba 1974, sehemu 52, kila Jumapili saa moja na nusu jioni.

Kabla ya kuchora, katika kiangazi cha 1973, Takahata, Miyazaki na Kotabe walikwenda Uswisi na Ujerumani kuangalia mahali penyewe. Siku hizi inaonekana kawaida. Kwa katuni ya televisheni ya watoto, wakati ule, lilikuwa jambo la ajabu: kuwalipia watu nauli ya kuvuka dunia ili wakatazame paa, zizi, ndoo ya maziwa na namna nyasi zinavyolala upepo ukipita.

Matokeo yake nimeyaeleza kwa nywele za Heidi. Kotabe ndiye aliyebuni sura za wahusika, na mwanzoni alimchora Heidi mwenye nywele za kusukwa. Huko Uswisi mtaalamu mmoja akamkumbusha: mtoto wa miaka mitano anaishi na mzee peke yao mlimani, nani atamsuka kila asubuhi? Nywele zikakatwa fupi. Dada msimulizi aliposoma aya hiyo aliweka karatasi chini akasema, "Huyo ni mtu aliyelea." Nimemwomba aseme maneno hayohayo kwenye rekodi, na amekubali.

1 Aprili

Leo tumeandika sehemu ngumu kuliko zote: leiauti.

Hadithi ya katuni huanza na storibodi, michoro midogo inayoonyesha picha baada ya picha. Zamani, kutoka hapo kila mchoraji mkuu alichukua fungu lake akaamua mwenyewe mhusika asimame wapi, mlango uwe wa ukubwa gani, upeo wa macho ukate wapi. Mchoraji wa mandhari naye akaamua yake. Kazi zilipokutana, mara nyingi miguu ilielea juu ya sakafu, na nyumba ya leo haikuwa nyumba ya wiki iliyopita.

Katika Heidi kazi hiyo ya katikati ilitolewa ikawa kiti chake, na aliyekalia kiti ni Miyazaki. Kwa kila picha alichora kwa ukubwa kamili: kamera iko wapi, mhusika anaingilia wapi na kutokea wapi, meza iko umbali gani na dirisha. Mchoro huo ulikwenda kwa mchoraji wa mwendo na kwa mchoraji wa mandhari pia, kwa hiyo wawili hao walifanya kazi ndani ya chumba kimoja hata kama hawajaonana. Sehemu moja ya namna hii huwa na picha kama 300. Miyazaki alizichorea leiauti sehemu zote 52.

Hapa ndipo swali la yule kijana linapopata jibu lake la kwanza. Takahata hakuwa na mkono wa kuchora, kwa hiyo alihitaji mahali ambapo fikra zake zinakuwa mchoro kabla hazijatawanyika kwa watu wengi. Leiauti ikawa mahali hapo. Alikaa na mtu mmoja, wakabishana, wakakubaliana, na makubaliano yao yakasafiri hadi kwa mtu wa mwisho kwenye mstari. Wiki baada ya wiki mtazamaji akaijua nyumba ya babu. Anajua ngazi ya kupandia kwenye dari yenye nyasi kavu iko upande gani. Anajua misonobari mitatu iko nyuma ya nyumba. Upepo ukivuma ndani yake, anajua Heidi atageuza kichwa kuelekea wapi.

Nimeijaribu aya hii kwa fundi seremala jirani yetu, mzee asiyetazama katuni. Alisikiliza hadi mwisho akasema kwao pia huwezi kuanza kukata mbao huku kila fundi ana vipimo vyake. Nimeridhika.

5 Aprili

Tumechagua tukio moja la kuchambua kwa undani. Ni la sehemu ya kwanza. Shangazi Dete anampandisha Heidi mlimani siku ya joto, na amemvisha nguo zake zote kwa pamoja ili asibebe mzigo. Mtoto anatembea kwa taabu, uso umewiva. Anamwona Peter mchunga mbuzi, miguu mitupu, anaruka juu ya mawe. Heidi anasimama. Anavua shali, anavua gauni, anavua jingine, anabaki na nguo ya ndani nyepesi, kisha anakimbia na mbuzi.

Kwenye kitabu tukio hilo lipo na linapita upesi. Takahata analipa muda. Kila vazi lina uzito wake linapotoka, na kila hatua ya Heidi inakuwa nyepesi kidogo kuliko iliyotangulia. Hakuna maneno yanayosema "sasa yuko huru". Mwongozaji mwenye haraka angekata: mtoto amevaa, mtoto amevua, twende. Kumbuka hesabu ya michoro minane kwa sekunde. Kuvua nguo ni mwendo mgumu, vitambaa vinajikunja, mikono inapotea na kutokea. Ametumia nguvu za wachoraji wake pale ambapo wengine wangeziokoa.

Huo ndio uamuzi ninaotaka vijana waujifunze kwake. Bajeti ya michoro ni ndogo kwa kila studio. Mwongozaji huamua itumike wapi. Wengi wa zama zake waliitumia kwenye ngumi na milipuko. Takahata aliitumia kwenye kipande cha jibini kinachoyeyuka mbele ya moto, mkate ukiwa tayari mkononi mwa babu, na macho ya mtoto yakifuata tone linaloshuka. Watu waliokua na mfululizo huo wanalitaja jibini hilo hadi leo. Binamu yangu aliyekulia Muscat na kuiona Heidi kwa Kiarabu ndilo alilotaja kwanza nilipomweleza mradi huu, kabla hata ya kumtaja Heidi mwenyewe.

Jambo jingine limeingia muswadani kwa ufupi: Takahata alipunguza mahubiri ya kidini yaliyomo kitabuni, akaongeza mbwa mkubwa aitwaye Josef, na akayapa maisha ya mlimani nafasi ndefu kuliko Spyri. Kitabuni Heidi anapelekwa Frankfurt mapema. Kwenye mfululizo, theluthi ya mwaka inapita kwanza. Kwa hiyo anapoondolewa, mtazamaji naye anaondolewa mahali alipopazoea.

12 Aprili

Umeme umekatika siku mbili, tumefanya kazi za karatasi tu. Nimekusanya mambo ya kufungia kipindi cha nne.

Oktoba 1974 kituo kingine kilianza kurusha mfululizo wa manowari ya anga za juu, Uchu Senkan Yamato, saa ileile ya Heidi. Leo Yamato inahesabiwa miongoni mwa nguzo za katuni ya Japani. Mwaka ule ilipungukiwa watazamaji ikakatishwa kabla ya urefu uliopangwa. Familia zilikuwa upande wa pili, zinamtazama mtoto na mbuzi.

Na kwenye orodha ya waliochora storibodi za Heidi yumo Yoshiyuki Tomino, ambaye mwaka 1979 aliongoza Gundam, habari za vita na mashine kubwa. Nimelitia jina lake kwa makusudi. Vijana wanaopenda roboti hudhani katuni za aina ya Heidi haziwahusu. Meza ilikuwa moja.

19 Aprili

Kipindi cha tano: Marco. Mwaka 1976, sehemu 52 tena, sasa studio ikiitwa Nippon Animation.

Chanzo ni hadithi fupi tu ndani ya kitabu cha Mwitaliano Edmondo De Amicis cha mwaka 1886. Mvulana wa Genoa anamfuata mama yake aliyekwenda Buenos Aires kufanya kazi za nyumbani kwa watu, ili familia ilipe madeni. Barua zinakoma. Mtoto anapanda meli peke yake, anavuka bahari, anavuka Ajentina.

Kujaza mwaka mzima kwa hadithi ya kurasa chache ni mtihani ambao ungemshinda mtu yeyote anayetegemea visa. Takahata na mwandishi Kazuo Fukazawa hawakurundika visa. Walimfanya baba yake Marco kuwa msimamizi wa zahanati ya maskini, mtu mwema ambaye wema wake ndio ulioiingiza familia kwenye deni. Waliongeza familia ya wacheza vikaragosi wanaotafuta riziki barabarani. Wakamwacha Marco Genoa kwa wiki nyingi, anaosha chupa, anagombana na baba yake, anangoja posta. Tena waandaaji walisafiri, safari hii Italia na Ajentina. Tena Miyazaki alikuwa kwenye leiauti.

Marco si mtoto wa kupendeza kila mara. Ana hasira, ana kiburi, hataki kusaidiwa. Mwongozaji hamlazimishi mtazamaji kumpenda. Kamera inakaa mbali kidogo, inamtazama mtoto mdogo katikati ya gati kubwa, na kila mtu anayempita ana shughuli zake.

27 Aprili

Tumeusoma muswada wa Marco mbele ya darasa la Jumamosi, bila picha. Nilitarajia maswali ya ufundi.

Msichana mmoja, mchoraji mzuri sana wa mandhari, alinyamaza hadi wenzake walipomaliza. Kisha akasema mama yake yuko Oman kwa kazi za ndani, na kwamba kuna kipindi simu ilikuwa haipatikani. Akauliza, "Mwalimu, huyo Marco alipokuwa anangoja barua, walichora nini? Yaani dakika zile zote, kwenye kioo kulikuwa na nini?"

Nilimweleza: ngazi za mtaa wa Genoa, nguo zilizoanikwa, Marco anapanda, anashuka, anamwona mleta barua kwa mbali, anakimbia, mleta barua anapita. Kesho yake tena. Alisema, "Basi walijua." Hakusema zaidi, na hakuna aliyemhoji.

Jioni tulikaa sote watatu kuamua kama kipindi cha tano kitaje akina mama na dada zetu waliovuka kwenda Ghuba. Tumeamua kitaje, mara moja, waziwazi, bila jina la mtu na bila kugeuza jambo hilo kuwa somo. Takahata alitengeneza hadithi hii kwa watoto wa Japani ambao mama zao wengi walikuwa nyumbani. Kwamba inaufikia moyo wa mchoraji wa Tanga kuliko inavyoweza kuwa iliwafikia wale, ni heshima kwa kazi yenyewe, na kipindi chetu kingekuwa na upungufu kama tungelificha jambo hilo.

4 Mei

Kipindi cha sita kinakwenda haraka, na ni sawa kiende haraka.

Mwaka 1979 ulikuwa wa Anne, msichana yatima wa kitabu cha L. M. Montgomery, sehemu 50, mandhari ya Prince Edward Island huko Kanada. Safari hii Takahata alikifuata kitabu kwa karibu, hata zile hotuba ndefu za Anne ambazo kila mhariri wa televisheni angetaka kuzipunguza. Anaziacha ziendelee, kisha anageuza kamera kwa Marilla, mama mzee asiyejua la kufanya na mtoto huyu mwenye maneno. Mtazamaji mtoto anacheka na Anne. Mtazamaji mzazi anamwelewa Marilla. Sura za wahusika zilibuniwa na Yoshifumi Kondo.

Baada ya sehemu ya 15 Miyazaki aliondoka kwenda kuongoza filamu yake ya kwanza ya sinema. Mtu mwingine alishika kiti cha leiauti, na mfululizo uliendelea hadi mwisho wa mwaka bila kuyumba. Hapa nimesisitiza. Mwaka 1974 ungeweza kusema mfumo ule ni kipaji cha Miyazaki tu. Mwaka 1979 ulionyesha kwamba ni namna ya kupanga kazi, na namna ya kupanga kazi inaweza kurithiwa. Ndiyo maana leiauti leo ni hatua ya kawaida katika katuni za Japani.

Baada ya hapo tunataja Jarinko Chie, msichana wa Osaka anayeendesha kibanda cha nyama za kuchoma huku baba yake akicheza kamari. Takahata aliongoza filamu yake mwaka 1981 na kusimamia mfululizo wake wa televisheni uliofuata. Huo ndio mwisho wa mfululizo wake mrefu wa wiki kwa wiki. Ghibli, filamu ya watoto wawili wa vita ya mwaka 1988, Kaguya ya mwaka 2013, na kifo chake tarehe 5 Aprili 2018 vinapata dakika tatu kwa pamoja.

11 Mei

Kipindi cha kwanza kimetoka jana usiku. Ujumbe wa sauti umeanza kuingia, mwingi kutoka Mombasa na Dar, mmoja kutoka Bujumbura. Wengi wanazungumzia ile milio ya tik. Kijana wa sauti anastahili sifa hizo zote.

Mtu wa Nairobi ametukumbusha Tinga Tinga Tales, iliyochorwa jijini kwao na kurushwa na BBC kuanzia mwaka 2010, ikiwa na sehemu 52 kama Heidi na Marco. Ametuuliza kwa nini hatukuanza na watu wetu. Swali ni la haki. Jibu langu ni kwamba waliofanya kazi ile wako hai, wako mjini, na wanapaswa kuhojiwa kwa sauti zao wenyewe. Hilo ni la mradi unaofuata, na nimemwomba msaada wa kuwafikia.

Yule kijana aliyeuliza asiyechora atawaongozaje wachoraji ameleta storibodi ya dakika mbili, habari za bibi anayeuza maandazi asubuhi na mjukuu wake. Amemwomba yule mchoraji wa mandhari achore leiauti zote peke yake. Wamegombana tayari kuhusu jiko likae upande gani wa mlango. Nimewaambia wasichore mwendo wowote mpaka walimalize hilo, na wakaende kuliona jiko lenyewe saa kumi na moja alfajiri.

Yaliyobaki: kurekodi upya aya ya leiauti, maana pikipiki imepita katikati, kupima urefu wa kipindi cha tano, kukata dakika moja kutoka kwa Anne. Kipindi cha pili kinatoka Jumapili.